Mzuka Humfaa Nani? Vichekesho vya Kale na Nyumba Zilizofungwa za Lamu

Filamu ya Kihindi Stree 2 ilipotoka Agosti 2024, na Bhool Bhulaiyaa 3 ikaifuata Novemba ya mwaka huo huo, wengi walishangaa kuona kichekesho cha mizuka kikijaza kumbi za sinema kana kwamba kimezuka jana. Hapa Lamu, ambako sinema ya Kihindi ilizoeleka zamani, vijana walioonja filamu hizo wameanza kutafuta mababu zake mtandaoni, na wanachokutana nacho ni filamu za Kimarekani za miaka ya 1920 hadi 1940, nyeusi na nyeupe, nyingine bubu, ambazo baadhi yake sasa ni mali ya umma kwao na hutazamwa bila malipo. Baada ya Isha, kwenye baraza za Mkomani na Langoni, utaona vichwa vitatu vinne vimeinamia simu moja, kimya kabisa, kisha kicheko kinapasuka. Wapitao husema moja kati ya mambo mawili. Wenye kushika dini husema kwamba watoto wanayafanyia mzaha mambo ya ghaibu. Wenye kujiona wasomi husema kwamba huo ni upuuzi wa Wazungu wa kale: mlango unalia, mtu anaruka, basi.

Naona pande zote mbili zimekosea, na zimekosea mahali pamoja, kwa kuwa zote mbili zinachukulia kwamba filamu hizi zinazungumzia mizuka. Mzuka katika filamu hizi ni vazi tu, na ndani ya vazi hilo mna kisa cha nyumba na cha mirathi. Nitajaribu kuonyesha kwamba mvuto wake, uliodumu kwa zaidi ya miaka mia moja, unatokana na swali ambalo familia nyingi zenye nyumba ya mawe katika mji huu zinalijua vyema hata kama hazilitamki: watu wanapoambiwa wasiikaribie nyumba fulani, ni nani anayefaidika na woga wao?

Tuanze na visa vyenyewe, kwa sababu wanaovipuuza mara nyingi hawajavifuatilia hadi mwisho. Katika Haunted Spooks ya mwaka 1920, ambayo mchekeshaji Harold Lloyd aliicheza, msichana anarithi jumba kwa sharti kwamba aishi humo na mumewe mwaka mzima, na ami yake, anayelitaka jumba hilo, anaandaa mizuka ya shuka na vishindo ili amfukuze kabla mwaka haujatimia. Mwaka uliofuata mchekeshaji mwingine, Buster Keaton, alitoa The Haunted House, ambamo nyumba inayosemwa kuwa na mizuka ni karakana ya watu wanaotengeneza noti bandia, na ngazi yake hugeuka utelezi ghafla ili kila anayepanda arudi chini kwa makalio. Katika The Ghost Breakers ya 1940, ambayo nyota wake ni mchekeshaji Bob Hope, mwanamke anarithi ngome kisiwani kando ya Cuba, na wanaomtisha asiende wanajua kwamba chini ya ngome hiyo mna mgodi wa fedha. Katika Hold That Ghost ya 1941, wachekeshaji wawili, Abbott na Costello, wanarithi nyumba ya wageni kutoka kwa jambazi, na wenzake jambazi huyo wanaingia usiku kutafuta pesa alizoficha humo. Ukiziweka filamu hizi pamoja, unakuta kwamba katika kila moja kuna nyumba yenye thamani, na kuna mtu aliye hai ambaye anataka wengine wakae mbali nayo.

Filamu iliyofikisha muundo huu kileleni ni The Cat and the Canary ya 1927, iliyotokana na mchezo wa jukwaani wa John Willard wa mwaka 1922 na kuongozwa na Paul Leni, Mjerumani aliyehamia Marekani akiwa na ujuzi wa kutumia kivuli na mwanga uliokuwa umekomaa kwao. Tajiri mmoja mzee amekufa, na wasia wake unafunguliwa usiku wa manane, miaka 20 baada ya kifo chake, mbele ya jamaa waliokuwa wakimzengea kama paka wanavyomzengea ndege tunduni. Mali yote anapewa binti mmoja, Annabelle, lakini kwa sharti kwamba daktari athibitishe kuwa ana akili timamu. Ikionekana kwamba hana, mali inakwenda kwa mtu mwingine ambaye jina lake limo katika bahasha ya pili. Msomaji aliyewahi kukaa katika kikao cha mirathi ataona mara moja uzito wa sharti hilo. Kumtisha Annabelle hadi apige mayowe, hadi aseme ameona mambo ambayo wengine hawakuyaona, ni njia ya kumnyang'anya haki yake kisheria, bila kumgusa na bila kuvunja mlango.

Kuna tukio moja katika filamu hiyo ambalo linastahili kutazamwa kwa utulivu. Annabelle amelala, na mkufu wa almasi wa ukoo uko shingoni mwake. Juu ya kichwa cha kitanda, ubao wa ukutani unafunguka bila sauti, na mkono wenye kucha ndefu unatoka, unashuka polepole sana, unasita juu ya uso wake, kisha unaunyakua mkufu na kupotelea ukutani. Anapiga mayowe, jamaa wanakuja mbio, na wanachokiona ni ukuta mzima na msichana anayetetemeka. Kamera inapita katika nyuso zao, na hakuna hata mmoja anayetazama ukuta. Wote wanamtazama yeye, kwa macho ya watu wanaopima akili ya mwenzao. Sisi watazamaji tumeuona mkono. Tunajua kwamba anasema kweli. Kicheko kinachotutoka katika filamu hizi huzaliwa hapo, katika pengo kati ya tunachokijua sisi na wanachokiamini wao, na kina uchungu ndani yake, kwa sababu kila mtu amewahi kusema kweli asiaminiwe. Annabelle anapouchunguza ukuta huo mbele yao, kinachoanguka kutoka upenyo wa siri ni maiti ya wakili aliyekuja kuusoma wasia. Aliyemuua ni mmoja wa jamaa, yule ambaye jina lake lilikuwa katika bahasha ya pili.

Hapa inafaa nieleze tofauti moja ambayo wachambuzi wa nje hawawezi kuiona, kwa kuwa wao hawaishi na sheria yetu. Kisa cha The Cat and the Canary kinawezekana tu pale ambapo mtu ana uhuru wa kuusia mali yake yote kwa amtakaye na kwa masharti ayatakayo. Kwa Waislamu wa Lamu, ambao mirathi yao huamuliwa na Mahakama ya Kadhi inayotambuliwa na kifungu cha 170 cha Katiba ya Kenya ya 2010, wasia wa namna hiyo hausimami: mafungu ya warithi yamekwisha pangwa katika Surat an-Nisaa, wasia hauzidi thuluthi ya mali, na mrithi hausiwi bila ridhaa ya warithi wenzake. Mtu angeweza kudhani, basi, kwamba sheria yetu imetukinga na mizuka ya namna hiyo. Imetukinga na aina moja tu. Badala ya mrithi mmoja aliyezungukwa na paka, sisi tuna nyumba moja yenye warithi kumi na tano, wengine wako Mombasa, wengine Jeddah, wengine Maskati, na kila mmoja ana fungu ambalo huwezi kulitenga kwa ukuta, kwa sababu nyumba ya Lamu haikatiki: huwezi kumpa mmoja daka la mlangoni, mwingine msana, yaani ukumbi, na wa tatu chumba cha ndani. Nyumba hufungwa ikisubiri watu wakubaliane, paa la boriti hunyonya mvua ya kusi mwaka baada ya mwaka, na wakati huo wa kusubiri ndio wakati ambapo jini huhamia. Nyumba iliyosemwa kuwa na jini hushuka bei, na ikishuka bei, yule mrithi aliye karibu, mwenye pesa taslimu mkononi, huyanunua mafungu ya wenziwe kwa bei ya kutupa.

Nilipokuwa mtoto, mtaani kwetu palikuwa na nyumba kama hiyo. Tulikatazwa kupita chini ya wikio lake, kile chumba kinachovuka juu ya njia, baada ya Magharibi, na tulikuwa tukisikia, kwa masikio yetu, vishindo ndani yake usiku, kama mtu anayeburuta kitu kizito juu ya sakafu ya chokaa. Bibi yangu alikuwa akituambia tusome Ayatul Kursi na tutembee haraka. Miaka mingi baadaye, warithi walipokubaliana hatimaye na mlango ukafunguliwa, nyumba ilikuwa tupu: kiti cha enzi hakikuwapo, masanduku hayakuwapo, sahani za kauri zilizokuwa katika zidaka, vile vishubaka vya ukutani, hazikuwapo, hata mbao za nakshi za milango ya ndani zilikuwa zimeng'olewa na bawaba zake. Vishindo tulivyovisikia vilikuwa vya kweli. Hakuna aliyekwenda kutazama, kwa sababu wote tuliambiwa ni jini, na aliyetuambia kwa sauti kubwa zaidi alikuwa na ufunguo.

Sasa nizipime hoja za wanaopinga, nikianzia na iliyo dhaifu kuliko zote, kwamba haya ni mambo ya Wazungu na hayatuhusu. Ubovu wa hoja hii hauko tu katika niliyoyasema kuhusu mirathi. Uko pia katika historia ya sinema yenyewe ya Bahari ya Hindi, ambayo haikusubiri ruhusa ya Marekani kukikuta kisa hiki. Bhool Bhulaiyaa ya kwanza, ya mwaka 2007, ilitengenezwa upya kutoka filamu ya 1993 ya Kimalayalam, lugha ya Kerala huko India, Manichitrathazhu, ambayo jina lake lina maana ya kufuli lenye nakshi. Ndani yake mna nyumba kongwe ya ukoo, mrithi aliyerudi na mkewe, chumba kilichofungwa ambacho hakuna anayethubutu kukifungua, na jamaa ambao kila mmoja ana neno la kunong'ona. Kerala na Lamu zimepeana mbao, viungo, vyombo na mabaharia kwa karne nyingi juu ya pepo za kaskazi na kusi. Mtu wa Lamu anayetazama kufuli lenye nakshi juu ya mlango wenye nakshi hahitaji kuelezwa kilicho nyuma yake.

Hoja ya dini ni nzito zaidi, nami siichukulii kwa wepesi, kwa sababu kuwapo kwa majini kumethibitishwa katika Qurani na sura nzima, ya 72, imepewa jina lao. Ikiwa filamu ingesimama kukejeli ghaibu, mwenye imani angekuwa na haki ya kuizima. Lakini filamu hizi za kale, kwa sehemu kubwa, zinafanya kinyume chake: zinamfichua binadamu anayelitumia jina la ghaibu kwa tamaa yake. Wapo wanaofanya hivyo miongoni mwetu, na masheikh wetu wenyewe wamekuwa wakitutahadharisha nao kwenye mimbari tangu nipate akili, waganga wa uongo na wapiga ramli wanaokula mali za wajane. Kumcheka tapeli aliyejifunika shuka hakumgusi aliyeumbwa kwa moto usio na moshi.

Nakiri kwamba si filamu zote za jadi hii zinazotii muundo ninaoueleza. The Ghost Breakers yenyewe ina mzuka mmoja ambao hauelezwi, unaotoka katika kasha lake na kurudi bila hila yoyote ya mtu, na katika Abbott and Costello Meet Frankenstein ya 1948, madubwana ni ya kweli, Dracula, mfu anyonyaye damu, akiwa amechezwa na Bela Lugosi mwenyewe, mwigizaji aliyejulikana kwa nafasi hiyo. Hata hivyo tazama panapochekesha. Costello anasoma kibandiko kilicho mbele ya jeneza la Dracula, katika jumba la maonyesho ya vitisho, na mshumaa uliowekwa juu ya jeneza unaanza kusogea kwa sababu kifuniko kinainuka. Anataka kumwita mwenzake na sauti haitoki. Mdomo unafunguka, pumzi inakwama, mikono inapepea. Inapotoka hatimaye, na Abbott anapofika, mshumaa umetulia na Abbott anamkaripia kama anavyokaripiwa mtoto. Mzuka umekuwa wa kweli, lakini kiini ni kile kile cha mkono wa ukutani: aliyeona haaminiwi, na asiyeona ndiye mwenye sauti ya mamlaka. Ni kwa sababu hiyo tunampenda mwoga wa filamu hizi kuliko shujaa. Anatetemeka, anajificha chini ya kitanda, anaongea bila kikomo kama Bob Hope, lakini haondoki, na mwisho wake ukweli unakuwa upande wake.

Hoja iliyonisumbua zaidi si ya wazee wala ya wasomi wa barazani, na huku pwani sijasikia watu wakiizungumza vya kutosha. Katika filamu nyingi za zama hizo, kazi ya kuogopa ilikabidhiwa mtu mweusi. Willie Best, aliyecheza mtumishi wa Bob Hope katika The Ghost Breakers, alikuwa mchekeshaji mwenye kipaji kikubwa cha kutumia muda na uso, lakini alipoanza kazi studio zilimtangaza kwa jina la dhihaka lenye maana ya kulala na kula, na alichoagizwa kufanya tena na tena ni kutoa macho, kutetemeka magoti na kuzungumza kwa kuburura. Haunted Spooks nayo ina watumishi weusi waliowekwa humo wachekwe kwa sababu ya woga wao na rangi yao. Hakuna maelezo ya "zama zile" yanayoweza kulifuta hilo, na mzazi wa Lamu anayemwonyesha mwanawe filamu hizi ana wajibu wa kulitaja kwa jina lake. Nami sisemi filamu zitupwe. Nasema zisomwe kwa ukamilifu, kwa sababu aibu hiyo inalikuza lile swali la nani hufaidika: mwenye nyumba mweupe alihitaji mtu wa kubebeshwa woga ili yeye aonekane jasiri, na aliyebebeshwa ni yule ambaye hakuwa na fungu lolote katika nyumba.

Kuna hoja moja zaidi, na hii ndiyo ninayoiheshimu kuliko zote. Woga, wanasema, hulinda. Misitu ya kaya za Mijikenda, yaani makazi yao matakatifu ya kale, iliyoingizwa katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2008, imesimama hadi leo huku mashamba na mahoteli yakila ardhi pembeni mwake, kwa sababu watu waliogopa kukata mti humo. Gede, karibu na Malindi, mji wa mawe uliohamwa katika karne ya 17 na kumezwa na msitu, umekuwa ukisimuliwa kwamba una walinzi wasioonekana. Hata James Kirkman, mwanaakiolojia aliyeanza kuufukua mwaka 1948, aliandika kuhusu hisia ya kutazamwa na kitu kutoka nyuma ya kuta. Mwaka 2024 Gede nayo iliingizwa katika orodha ya urithi wa dunia. Je, tukiwafundisha vijana kucheka kila wasikiapo habari za mizuka, hatuwafundishi kuingia na shoka?

Jibu langu ni kwamba tunachanganya vitu viwili vinavyofanana kwa nje tu. Heshima ya kaya ina wenyewe. Wazee wake wanajulikana, miiko yake inatamkwa mchana, na anayeikiuka anajua atatozwa nini na na nani. Woga wa pale unalinda mali ya wote, na hakuna mzee mmoja anayeutumia kuuza magogo usiku. Uvumi wa nyumba iliyofungwa hauna mwenyewe. Hakuna ajuaye ulianzia wapi, hakuna wa kuulizwa, na unalinda siri ya mtu mmoja dhidi ya haki ya kumi na wanne. Filamu za kale hazikukejeli hata siku moja mahali patakatifu penye walinzi wanaojulikana. Silaha yake yote imeelekezwa kwenye uvumi. Kijana aliyezitazama kwa makini anaweza kuingia Gede na kulisoma kaburi lenye tarehe ya mwaka 802 wa Hijria kwa sauti ya chini, kisha akarudi mtaani kwake na kuuliza kwa sauti ya juu ni nani mwenye ufunguo wa nyumba ile.

Ikiwa hivyo ndivyo, basi linalofuata ni la watengenezaji filamu wetu. Nchi hii iliwahi kuonyesha, kupitia vipindi vya televisheni vya Vitimbi na Vioja Mahakamani, kwamba inaweza kuugeuza ugomvi wa jirani na jirani kuwa kicheko kinachofundisha. Lamu, mji uliotambuliwa na UNESCO mwaka 2001, una jukwaa ambalo Leni alilazimika kulijenga kwa mbao na turubai: kuta nene zinazomeza sauti, daka ambalo mgeni huliona na asione zaidi, vyumba vinavyofuatana kuelekea gizani, zidaka ambazo mshumaa mmoja huzifanya zionekane kama macho, wikio linalomwezesha mtu kuhama nyumba hadi nyumba bila kukanyaga barabara. Tuna pia kisa, chenye warithi kumi na tano na kadhi mmoja mwenye subira. Kinachokosekana ni mwandishi atakayethubutu kukiandika kwa Kiamu, lahaja yetu ya Lamu, akijua kwamba baadhi ya watazamaji wake watajiona kwenye skrini.

Kwamba watazamaji wako tayari, sina shaka. Juzi nilikaa barazani vijana walipokuwa wakimwonyesha mzee mmoja, fundi wa milango aliyestaafu, lile tukio la mkono wa ukutani. Walimtazama usoni wakingoja aruke. Hakuruka. Aliuomba mkono urudishwe, akautazama mara ya pili, akaisogeza simu karibu na macho yake mabovu, kisha akauliza yule binti ana ndugu wangapi, na kama hao ndugu wamepewa mafungu yao.